Mtoto anakufa maji kimya kimya

Nimekaa na hii stori tangu Aprili. Kila nikitaka kuandika mkono unakataa. Juzi nilikuwa kwa kioski ya maji hapa Nyalenda, mama mmoja akaniuliza, "Mama watoto, kwani siku ile ilikuwaje?" nikamweleza, na nilipomaliza nikaona wamama wengine wawili wameacha mitungi yao inafurika wamesimama tu wananiangalia, na mmoja akasema polepole, "besheni yangu iko nje saa hii," akajifunga leso akaenda mbio. Ndio nikasema wacha niandike yote.

Ilikuwa holide ya Aprili. Usiku mvua ilikuwa imenyesha ile ya Kisumu yenyewe, ile inapiga mabati mpaka mkiwa ndani ya nyumba mnaongea kwa ishara, na kila mtu kwa ploti alikuwa amepanga ndoo na besheni chini ya ukingo wa mabati kukinga maji. Maji ya mfereji huku kwetu yana siku zake, kwa hivyo mvua ikinyesha hakuna mtu anaiacha ipite bure. Asubuhi nikapata vyombo vyote vimejaa pomoni na nilifurahi sana, nikaanza kuhesabu kichwani nguo za kufua, mashuka, sare za mkubwa, yale mapazia nilikuwa nimeahirisha tangu Februari.

Kijana wangu mdogo alikuwa na miezi 14. Alikuwa ameanza kutembea wiki tatu tu, ule mwendo wa kulewa lewa wa mtoto ambaye bado anashangaa miguu yake inamtii. Nilimpatia kijiko akae nacho mlangoni nikitengeneza chai. Nilimskia akigonga besheni na kile kijiko, ko ko ko, ananyamaza, ko ko ko tena. Mlango ulikuwa wazi, jirani wa upande wa pili alikuwa nje anachana mtoto wake nywele, vijana wawili wa boda walikuwa wanaosha pikipiki karibu na geti. Watu walikuwa wengi, huo ndio ukweli, tulikuwa watu wazima wanne na watoto wawili kwa uwanja ambao ukirusha jiwe linafika ukuta wa pili.

Kisha kijiko kikanyamaza.

Nilisikia kimenyamaza. Nikasema ameenda kwa jirani. Nikamimina chai kwa themosi, nikafunga kifuniko, nikafuta meza. Nimerudia hayo mambo baadaye na simu mkononi nikipima, inachukua kama dakika moja na nusu. Nilipotoka kile niliona kwanza ni nyayo. Nyayo mbili ndogo nyeupe zimeangalia juu, pati pati moja ya njano imebaki mguuni na nyingine iko chini kwa matope, na mwili wote kuanzia kiunoni uko ndani ya besheni. Maji yenyewe, kama angesimama, yangemfika magotini. Na kijiko kilikuwa chini kabisa ya maji, kinang'aa. Alikuwa anakifuata.

Hakukuwa na mlipuko wa maji, hakukuwa na kilio. Yule jirani alikuwa hatua kumi kutoka hapo na hakuskia kitu.

Hapo ndio nataka mniskize vizuri. Tangu shule ya msingi tumeimba "mfa maji haachi kutapatapa", tumeiandika kwa insha mpaka kalamu zikaisha wino, na kichwani imetujengea picha kwamba mtu akizama kutakuwa na kelele, atapiga maji, atapiga nduru, na sisi tutaskia tukimbie. Mtoto hatapatapi hivyo. Nimekuja kusoma baadaye kuna Mmarekani anaitwa Francesco Pia, alikuwa mlinzi wa waogeleaji kwa ufuo unaitwa Orchard Beach kule New York, huyo ndiye alichunguza kwa makini venye mtu anazama kweli kweli. Aliona mtu anayezama hawezi kuita, kwa sababu mdomo ukitoka nje ya maji ni kwa muda mdogo sana na mwili unautumia huo muda kuvuta hewa, sauti haipati nafasi. Hawezi kupunga mkono, mikono inasukuma maji chini yenyewe bila kuambiwa. Anabaki juu sekunde 20 hivi mpaka 60, kisha anashuka. Na hao ni watu wanaoelea kwa maji marefu. Mtoto wa kutambaa aliyeingia kwa ndoo kichwa kwanza hana hata hizo. Kichwa chake ni kizito ukilinganisha na mwili, mikono haina nguvu ya kumsukuma arudi nyuma, akiinama akapita kiasi ameenda, na maji ya sentimita 5 yanatosha kufunika pua na mdomo wa mtoto.

Sentimita 5 ni urefu wa kidole gumba changu. Nilipima.

Nirudi kwa ploti. Nilipiga nduru, nikamtoa, alikuwa amelegea kama kitambaa na midomo imegeuka rangi ya zambarau. Kijana mmoja wa boda akaruka akamchukua kwa mikono yangu akamshika miguu akamning'iniza kichwa chini anamtikisa ili maji yatoke. Na simlaumu, hata mimi ningefanya hivyo, ndivyo tumeona ikifanywa tangu utoto, mtoto anainuliwa miguu ama anabonyezwa tumbo. Lakini Mungu alikuwa amemtuma mama mmoja ambaye ni mhudumu wa afya ya jamii wa mtaa wetu, hawa wanavaa jaketi la bluu wanatembea nyumba kwa nyumba, alikuwa anapita tu kwa barabara akaskia nduru. Aliingia akasema kwa sauti moja tu, "Omera, mlaze chini! Chini!" Akamlaza kwa saruji, akainua kidevu, akabana pua, akafunika mdomo wa mtoto na mdomo wake akapuliza. Pole pole, kifua kikainuka. Tena. Mara ya tatu mtoto akakohoa, akatapika chai na maji, mama akamgeuza upande, na kisha kijana wangu akalia.

Sitaelezea hicho kilio. Nimejaribu mara tatu hapa nimefuta.

Yule mama alinieleza baadaye kwa nini alifanya hivyo na nataka kila mtu anayesoma hii ajue. Mtu aliyezama shida yake ni hewa. Ukimning'iniza ama ukimbonyeza tumbo unapoteza ile dakika anayohitaji, na pia unafanya atapike kisha matapishi yaingie kwa mapafu. Ubongo ukikosa hewa kwa dakika 4 mpaka 6 unaanza kuharibika, kwa hivyo hakuna wakati wa kutafuta gari kwanza. Unamlaza chali mahali pagumu, unamwinua kidevu njia ya hewa ifunguke, ukiona hapumui unampulizia mara 5 kwanza. Mtoto wa chini ya mwaka mmoja kichwa unakiacha sawa bila kukipinda sana nyuma, na mdomo wako unafunika mdomo na pua yake pamoja, mkubwa unabana pua. Unapuliza tu mpaka uone kifua kimeinuka. Kama bado hajaamka na hapumui, unasukuma katikati ya kifua mara 30, kwa haraka ya karibu mara mbili kwa sekunde, kifua kishuke kama theluthi moja ya unene wake, kwa kachanga unazungushia kifua mikono miwili unasukuma na vidole gumba viwili, kwa mtoto mkubwa kiganja kimoja. Kisha pumzi 2, kisha 30 tena, na hauachi mpaka apumue ama mfike kwa daktari. Mtu mwingine ndiye anatafuta gari, wewe kazi yako ni hiyo. Akitapika mgeuze upande, safisha mdomo, endelea.

Na hata akiamka akalia akaomba nyonyo, mpeleke hospitali. Sisi tulilala huko usiku mmoja, wakamfunga kale kamashine ka kidole kanapima hewa kwa damu, juu maji yaliyoingia mapafuni yanaweza kumletea shida ya kupumua masaa kadhaa baadaye wakati nyinyi mmeshasherehekea.

Nikiwa pale wodini sina usingizi ndio nilianza kusoma kwa simu. Shirika la Afya Duniani linakadiria mwaka 2021 watu 300,000 walikufa maji duniani, karibu robo yao watoto wa chini ya miaka 5, na zaidi ya asilimia 90 ya vifo vyote ni nchi zetu hizi za kipato cha chini na cha kati. Kwa watoto wa mwaka 1 mpaka 4 kufa maji ni sababu ya nne ya vifo. Mimi nilikuwa najua malaria, najua kuhara, najua nimonia, klinik nimehudhuria zote na kitabu cha chanjo kimejaa, na hakuna siku mtu aliniambia juu ya besheni. Bwawa la Patel lilipopasuka kule Solai, Nakuru, tarehe 9 Mei 2018, watu zaidi ya 40 walikufa na nchi nzima ilisimama, na ilistahili isimame. Lakini mtoto mmoja akifa kwa ndoo Manyatta, mwingine kwa silanga, kile kidimbwi cha kijijini, huko Siaya, mwingine kwa shimo la matofali Kakamega, kila mmoja anazikwa na boma lake na hakuna mtu anajumlisha.

Sasa nieleze vitu tumebadilisha kwa ploti, juu najua kuna mtu atasema maji tutaacha kukinga kweli? Hapana, hatujaacha. Lakini besheni haikingi tena usiku. Tunakinga kwa mitungi, tumeweka mfereji wa bati mkono mmoja tu ambao fundi alitukatia, unaingiza maji kwa mdomo mwembamba ambao mtoto hawezi kuingia. Ndoo ikitumika ikiisha inamwagwa na inapinduliwa pale pale, si kesho, si nikimaliza kuanika. Drami lina kifuniko cha mbao kinachofungwa na kamba ya mpira wa tyubu, na hakuna kiti wala jiwe wala ndoo tupu karibu nalo juu mtoto wa miaka mitatu anapanda. Kifuniko cha shimo la maji taka kilikuwa kimevunjika kona tangu mwaka jana, tumekikanyaga tukizoea, tukaenda kwa landilodi sisi wote wamama saba na yeye mwenyewe akaja akaona, kimebadilishwa. Na mlango wangu una kilango cha nusu, mbao tu za kreti za soda nilinunua, kina komeo la nje. Mtoto anasimama hapo anaona ploti yote na hapiti.

Kama umechimba shimo la choo na pesa zikaisha kabla ya kujenga, tafadhali lifunike. Huku kwetu mvua mbili tu linajaa na linaonekana kama kidimbwi cha kuchezea. Shimo la matofali hivyo hivyo, watu wanachimba udongo wanachoma tofali wanauza wanaondoka, mvua inaacha bwawa lenye kingo za wima, udongo wa utelezi, mtoto akiingia hakuna mahali pa kushika.

Watoto wakubwa wana hatari yao tofauti na nadhani hapo tunajidanganya na viboko. Mkubwa wangu ana miaka 8. Nikimwambia usiende ziwani, nitakuchapa, ataenda na hataniambia. Nilikulia huko Kano, tulikuwa tunaogelea kwa mifereji ya mpunga Ahero na kila mmoja wetu alikuwa anajua kukausha nywele kabla ya kufika nyumbani. Tulichokuwa tunaficha ni nywele tu, kuogelea kwenyewe hakuna mtu alitufundisha, ulijifunza ukisukumwa. Mto Nyando ukijaa mvua ya Aprili unakuwa mto mwingine kabisa, ule mahali ulikuwa unavuka jana na maji ya kifundo cha mguu leo unakubeba. Na ziwa nalo mtu aliyezaliwa Dunga atakwambia, asubuhi limelala kama kioo, alasiri upepo unaamka, magugumaji yanasogea yanafunga mahali ulipoingilia, na chini ya magugu huoni kina wala huoni kiboko.

Kwa hivyo mkubwa nimemtafutia mtu wa kumfundisha, Jumapili mchana, kwa bwawa la kuogelea ambalo lina sehemu fupi. Somo la kwanza lilikuwa kuelea chali tu na kupumua, nusu saa nzima. Nikamuuliza mwalimu mbona hapigi mbizi kama wenzake akaniambia, "Mama, anayejua kuelea anapata wakati wa watu kumfikia." Na sheria zake sasa ni chache: haendi majini peke yake, haingii maji ambayo hajui kina chake, na rafiki akizama yeye haingii.

Hiyo ya mwisho inauma kuisema lakini ndiyo muhimu kupita zote. Wazee walisema mfa maji hukamata maji, na akikosa cha kukamata atakukamata wewe. Ndio unaskia wameenda wawili, watatu, kaka anamfuata kaka, na baba anawafuata wote. Nimemfundisha kupiga nduru, kisha alale kwa tumbo ukingoni anyooshe fimbo au tawi au leso, ama arushe mtungi mtupu umefungwa kifuniko. Mtungi wa lita 20 ukiwa mtupu unamfanya mtu mzima aelee vizuri kabisa, na huku kwetu hakuna boma halina mtungi. Tulifanya mazoezi ploti, yeye anarusha mimi nadaka, majirani wakituangalia. Mkipanda mashua ama mkivuka ziwa kutoka Luanda Kotieno kwenda Mbita hakikisha laifu jaketi ya mtoto ni ya saizi yake, ya mtu mzima inampanda kichwani akiingia majini. Na mtoto mwenye kifafa asiachwe karibu na maji peke yake hata dakika, hata kwa kuoga.

Kitu kingine, matanga. Nimewaza sana hii. Mkienda ushago kuzika kuna wamama hamsini, wajomba, mashangazi, watoto kila kona, dani, yaani nyanya, anajua wote ni wajukuu zake, drami za maji ya kupikia ziko wazi, silanga iko chini ya boma, na kila mtu mzima anaamini mtu mwingine mzima ndiye anaangalia. Kama kwa ploti yetu asubuhi ile, sote tulikuwepo na hakuna aliyekuwa anaangalia. Mazishi ya mwisho tumeenda Nyakach, nilimfunga binamu yangu kitambaa chekundu mkononi, nikamwambia ukiwa nacho kazi yako ni watoto tu, hupiki, hushiki simu, hupigi stori, ukichoka unamfunga mwingine kwa mkono wake na macho yenu yakutane. Shangazi walicheka kidogo asubuhi. Mchana nikaona shangazi mkubwa mwenyewe amekivaa, amekaa kwa kiti cha plastiki akiangalia njia ya silanga.

Kule Bangladesh, ambako vidimbwi viko nyuma ya kila nyumba, walichunguza wakakuta watoto wadogo wengi wanakufa maji kati ya saa tatu asubuhi na saa saba mchana, hatua chache tu kutoka nyumbani, wakati mama yuko kazi za nyumba. Wakaanzisha mahali kijijini ambapo mama mmoja aliyefunzwa anakaa na watoto yale masaa, na vifo vya hao watoto vikashuka kwa zaidi ya asilimia 80. Hakuna mashine hapo, ni mama na chumba na mlango unaofungwa. Sisi tuna hizo dekea, mahali pa kuachia watoto mchana, za mtaani za shilingi 50 kwa siku, na watu huzidharau. Mimi nimempeleka kadogo kangu kwa moja siku za kufua, na kabla sijamwacha niliuliza maji mnaweka wapi, nikaonyeshwa.

Jumamosi hii saa tisa yule mama wa jaketi la bluu anakuja kwa ploti yetu kuonyesha watu kupuliza pumzi na kusukuma kifua. Atatumia mdoli wa leso, ameukaza na kamba za gunia. Tutakaa pale pale nje karibu na ukingo wa mabati. Nimepita mlango kwa mlango kuwaambia majirani, na yule kijana wa boda alikuwa anaosha pikipiki, hakuniangalia usoni, akaendelea kusugua rimu kwa muda, kisha akasema, "Mathe, mimi nataka kuwa wa kwanza."